Fukusi wa vinundu vya mwerebi: mwongozo kamili wa kumtafuta, kumtambua na kumlea

Ukipita kando ya mto au mfereji huko Uingereza, Ujerumani au Uholanzi kati ya mwezi wa sita na wa tisa, simama kwenye mwerebi wa kwanza utakaoukuta, ushike tawi la chini na kulivuta karibu na macho. Mara nyingi utaona majani yenye vinundu vinene vya umbo la haragwe, vya kijani au vyekundu, vimekaa kati ya mshipa wa katikati na ukingo wa jani. Pasua vichache. Kimoja kitakuwa na kiwavi, kingine kitakuwa kitupu, na ukiwa na bahati kuna kimoja chenye funza mweupe, mnene, asiye na miguu, amejikunja. Huyo ndiye tunayemtafuta. Ni mtoto wa fukusi aitwaye Archarius salicivorus, aliyeelezwa kisayansi na Msweden Gustaf von Paykull mwaka 1792. Vitabu vya zamani vinamwita Curculio salicivorus.

Nimeandika mwongozo huu kwa ajili ya Waswahili walioko Ulaya ambao wanatembea kando ya maji na watoto wao, na kwa walimu na wanafunzi wa baiolojia popote walipo. Wengi wetu tumeusikia mwerebi katika Biblia kabla ya kuuona. Ni mti unaofaa sana kuanzia kujifunza wadudu, kwa sababu jani moja tu linaweza kukuonyesha mjenzi, mvamizi na adui wa wote wawili.

Anza kwa kumjua mjenzi

Fukusi huyu mara nyingi hutajwa kuwa ndiye anayetengeneza vinundu vya mwerebi. Si yeye. Kosa hilo linaeleweka, maana anatoka ndani yake, lakini ukilibeba kichwani utatafuta mahali pasipo.

Mjenzi ni nyigu-msumeno, hasa Euura proxima. Katika vitabu vya kabla ya 2014 utamkuta kwa jina la Pontania proxima. Mwaka huo wataalamu walizikusanya jenasi kadhaa za nyigu-msumeno wa mierebi ndani ya Euura. Ni mdudu mweusi mdogo asiyeuma mtu. Jike lina kifaa cha kutagia chenye meno mfano wa msumeno, na kwa kifaa hicho hulipasua jani likiwa bado changa, likaweka yai pamoja na majimaji fulani. Majimaji hayo peke yake yanatosha kuliamrisha jani livimbe. Ndiyo maana yai linapoanguliwa kinundu kimeshakua, na kiwavi anazaliwa ndani ya chumba chenye kuta za chakula. Hata yai likifa mapema, kinundu huendelea kwa muda. Madume wa aina hii ni adimu sana. Majike hutaga mayai yanayoanguliwa bila kupandwa.

Hapo ndipo fukusi anapoingia. Jike la Archarius lina pua nyembamba, ndefu na iliyopinda, na mdomo uko kwenye ncha ya pua hiyo. Hukitafuta kinundu kichanga, hukitoboa kwa pua, kisha hugeuka na kuliweka yai lake katika tundu hilo. Mtoto wa nyigu mara nyingi hufa, na mtoto wa fukusi hurithi chumba, akala nyama ya kinundu ambayo mama yake asingeweza kuifanya iote. Huyu ni mdoezi kamili: hana uwezo wa kuvimbisha jani, na bila nyigu-msumeno hana mahali pa kulelea wanawe.

Wapo fukusi wanaotengeneza vinundu wenyewe, tena wengine wanatuhusu moja kwa moja. Fukusi wa jenasi Smicronyx huvimbisha vibumba vya mbegu vya kiduha, lile gugu linalonyonya mahindi na mtama barani Afrika, na funza wao hula mbegu humo ndani. Ulaya kuna fukusi anayevimbisha mizizi ya kabichi na tanipu. Kwa hiyo ukisoma mahali kwamba fukusi hutengeneza vinundu, uliza kwanza ni fukusi gani na mmea gani.

Hatua ya kwanza: chagua mti na wakati

Tafuta mwerebi mweupe (Salix alba) au mwerebi mvunjikaji (Salix fragilis). Majani yake ni membamba na marefu yenye meno madogo ukingoni, na ya mwerebi mweupe yana vinyweleo vya rangi ya fedha hasa upande wa chini. Usipoteze asubuhi nzima ukitaka jina kamili la mti. Mierebi huzaana baina ya aina na aina, na hata wataalamu wa mimea huwachukua muda. Kwa kazi yetu inatosha kujua kama jani ni jembamba au ni pana.

Miti iliyokatwa vichwa ili ichipue upya, kama ilivyo desturi kandokando ya mito, inafaa kuliko mingine, kwa kuwa machipukizi yake mengi yanafikika kwa mkono. Miti mirefu isiyoguswa ina vinundu vilevile, ila viko juu.

Nyigu-msumeno huyu huwa na vizazi viwili kwa mwaka. Vinundu vya kizazi cha kwanza huonekana kuanzia Mei na Juni, vya pili kuanzia Julai au Agosti hadi majani yanapopukutika. Kwa kumwona fukusi mzima juu ya majani, nenda mwisho wa majira ya kuchipua na mwanzo wa kiangazi, wakati vinundu bado ni laini na majike wanataga. Kwa kupata funza wakubwa wa kulea, subiri Agosti na Septemba.

Omba ruhusa kwa mwenye shamba au msimamizi wa hifadhi kabla ya kuchuma chochote. Kando ya maji vaa suruali ndefu na viatu vilivyofunika mguu, kwani kuna upupu wa Ulaya na kupe, na kingo za mito hubomoka.

Hatua ya pili: vifaa

Lensi ya mkononi ya kukuza mara 10, wembe mpya, mifuko ya karatasi, penseli, na shuka nyeupe au mwavuli wa rangi isiyokolea. Ongeza vichupa vidogo vyenye vifuniko. Mifuko ya plastiki iache nyumbani. Majani hutoa jasho humo na kuota ukungu kwa siku mbili tu.

Hatua ya tatu: kitambue kinundu sahihi

Hapa ndipo pa kukaa na kutulia, kwa sababu mwerebi mmoja unaweza kuwa na vinundu vya aina nyingi na ni baadhi tu vinavyomfaa fukusi wetu.

Kinundu cha Euura proxima kimejitokeza pande zote mbili za jani, juu na chini, kwa unene unaokaribiana. Kimekaa kando ya mshipa wa kati bila kuugusa sana, kina urefu wa takribani sentimita moja, na ukuta wake ni mnene na mgumu kidogo ukiubonyeza. Upande wa juu mara nyingi huwa mwekundu unapopigwa na jua. Jani moja linaweza kuwa na kimoja, au likawa navyo vingi hadi likapinda.

Kwenye mierebi yenye majani mapana, kama Salix caprea na Salix cinerea, utakuta haragwe kama hilo lililotengenezwa na ndugu yake, Euura bridgmanii. Vichume na hivyo pia, ila viweke kwenye mfuko wake na uandike aina ya mti.

Kinundu cha mviringo kama njegere, kinachoning'inia upande wa chini wa jani na kushikwa na sehemu ndogo tu, ni cha nyigu-msumeno wa kundi la Euura viminalis. Vile virefu kama soseji vilivyopakana na mshipa wa kati, mara nyingi viwili viwili, ni vya kundi la Euura dolichura.

Sasa vile vya kuviacha. Vipele vidogo vingi juu ya jani, vyenye ukubwa wa kichwa cha pini au zaidi kidogo, ni kazi ya utitiri. Vinundu vidogo vigumu vyenye tundu upande wa chini, kwenye majani mapana, ni vya kisubi aitwaye Iteomyia capreae. Majani yaliyosongamana kwenye ncha ya tawi yakafanana na waridi lililofumba ni ya kisubi mwingine, Rabdophaga rosaria. Na uvimbe wa kwenye kijiti chenyewe, si kwenye jani, unaweza kuwa wa Rabdophaga salicis, ambao ukiupasua unakuta vyumba vingi vya funza wadogo wa rangi ya chungwa. Vyote hivyo vinastahili kutazamwa siku nyingine.

Hatua ya nne: kipasue kwa mpango

Kabla ya wembe, zungusha kinundu chini ya lensi. Tundu la mviringo lililokatwa vizuri, lenye ukubwa wa kupitisha sindano nene au zaidi, linaonyesha kwamba kuna aliyetoka au kwamba kiwavi wa nyigu amelifungua kutupia kinyesi. Kiwavi wa Euura proxima ana tabia ya kusafisha chumba chake kwa kusukuma kinyesi nje. Vitundu vidogo sana, chini ya milimita moja, ni milango ya kutokea ya nyigu wa kidusia, yaani nyigu wadogo ambao funza wao hula wakaazi wa kinundu. Kinundu kizima kisicho na tundu ndicho chenye habari kubwa.

Kata kwa urefu, juujuu kwanza, ukizungusha wembe pembeni kama mtu anayefungua kopo. Ukikata katikati kwa mkupuo mmoja utamkata mkaazi vipande viwili.

Kisha angalia mambo mawili tu: miguu na kichwa.

Kiwavi wa nyigu-msumeno ana miguu. Mbele ana jozi tatu za miguu halisi, na nyuma yake jozi kadhaa za vijiguu laini vya tumboni. Amenyooka, anatembea, na ukimgusa anageuka upesi.

Funza wa fukusi hana mguu hata mmoja. Mwili ni mweupe au wa rangi ya maziwa, umejaa, una mikunjomikunjo mgongoni, na umepinda kama herufi C. Kichwa chake ni kigumu, cha kahawia, kinang'aa, na ukitulia na lensi utaona taya mbili nyeusi zikifunguka na kufunga. Hicho kichwa cha kahawia ndicho cheti chake.

Funza wa nyigu wa kidusia naye hana miguu na ni mweupe, kwa hiyo ndiye anayewachanganya wengi. Tofauti ni kwamba hana kichwa kigumu cha kahawia. Ncha zake zote mbili zinakaribia kufanana. Mara nyingi utamkuta amelala kando ya ngozi iliyosinyaa ya kiwavi au funza aliyemla.

Andika hesabu unapoendelea: vinundu vingapi umepasua, vingapi vyenye kiwavi, vingapi vyenye funza wa fukusi, vingapi vya vidusia, vingapi vitupu. Mpe mtoto daftari afanye kazi hiyo. Baada ya vinundu 30 kutoka mti mmoja na 30 kutoka mti wa ng'ambo ya mfereji, utaona mwenyewe jinsi miti miwili jirani inavyoweza kuwa na wakaazi tofauti.

Hatua ya tano: mkamate fukusi mzima

Tandaza shuka chini ya tawi, au fungua mwavuli uushike kichwachini. Piga tawi kwa fimbo mara moja, kwa nguvu na ghafla. Kupiga polepole mara nyingi kunawafanya wadudu wajikaze kwenye tawi. Fukusi akishtuka hukunja miguu, hukunja pua chini ya kifua na kujiachia aanguke, halafu hulala kimya akijifanya amekufa. Kwa hiyo usiangalie kinachokimbia. Wachukuaji wengi hukung'uta shuka wakidhani chembe nyeusi zisizosogea ni uchafu wa gome, na fukusi wao wanaondoka na uchafu huo. Subiri dakika moja au mbili. Chembe mojawapo itanyoosha miguu.

Ni mdogo kweli: kati ya milimita 2 na 3 bila kuhesabu pua. Ni mweusi, mwili wake umepanuka mabegani na kuchongoka nyuma, na upande wa chini una magamba meupe. Pua ni nyembamba kama unywele mnene, imepinda chini. Ya jike ni ndefu kuliko ya dume.

Wapo wanne wa kumlinganisha nao.

Archarius crux ni ndugu yake wa karibu, naye anaishi kwenye mierebi. Ana alama nyeupe mgongoni zinazofanya umbo la msalaba, ndizo zilizompa jina lake la Kilatini.

Melanapion minimum naye huzaliana katika vinundu vya nyigu-msumeno wa mwerebi, na hapa ndipo wengi wanapokosea. Ni mweusi na ana umbo la pea, nyembamba mbele na nene nyuma. Tazama vipapasio: vya Archarius vina kiwiko, yaani vimekunjika katikati kama mkono, vya Melanapion vimenyooka. Lensi ya mara 10 inatosha kuliona hilo ukiwa na mwanga mzuri na mkono uliotulia. Egemeza viwiko vyako kwenye meza, shika lensi karibu kabisa na jicho, ndipo ukisogeze kichupa.

Tachyerges salicis hula ndani ya jani, na mzima wake anaruka kama kiroboto kwa mapaja manene ya nyuma. Akikutoroka kwa kuruka, jina lake umeshalipata.

Jenasi Dorytomus ina aina kadhaa kwenye mierebi na mipopla. Funza wao hukua katika maua ya mti, na wazima kwa kawaida ni wakubwa kuliko Archarius, wenye rangi ya kahawia.

Hatua ya sita: mlee

Kumlea funza mpaka awe mzima ndiyo njia ya uhakika ya kujua nani alikuwa ndani, kwa kuwa funza wa aina zinazokaribiana hufanana sana.

Chuma vinundu visivyo na tundu, vya mwishoni mwa Agosti au Septemba, pamoja na vijiti vyake. Vilivyochumwa mapema hukauka kabla funza hajashiba. Chukua chupa kubwa ya jamu, weka kimo cha vidole vinne cha mchanga uliochanganywa na udongo wa bustani, uunyunyizie maji kidogo. Ukiufinya mkononi ushikamane bila kudondosha maji. Kiasi hicho ndicho unachokitaka msimu wote. Juu ya udongo weka kipande cha wavu wa matundu makubwa, na juu ya wavu panga vinundu visirundikane. Funika mdomo wa chupa kwa kitambaa chepesi cha shashi na mpira.

Funza aliyekomaa hutoboa ukuta wa kinundu, huanguka, hupita kwenye wavu na kuzama udongoni, ambako hujitengenezea kijichumba na kugeuka pupa. Hutamwona tena kwa muda mrefu. Baada ya majuma machache ondoa majani yaliyooza na wavu wake, acha udongo peke yake.

Kosa linaloua wengi ni joto la ndani ya nyumba. Weka chupa nje, mahali penye kivuli, pasiponyeshewa moja kwa moja: kibarazani, ndani ya banda la baiskeli, chini ya dirisha la upande wa kaskazini. Angalia unyevu mara moja kwa mwezi. Usitupe udongo huo mpaka majira ya kuchipua yanayofuata yapite, hata kama unaona hakuna kinachoendelea. Kuanzia Aprili chungulia kila siku chache chini ya shashi, maana ndipo wanapopanda.

Vidusia watatoka kabla, baadhi wakiwa wadogo kuliko kichwa cha siafu na wanang'aa kijani au bluu. Watoe na uwaachie, au uwaweke kwenye kichupa chao kama unataka kuwatambua.

Je, mti utibiwe?

Hapana. Hili nalisema kwa mkazo kwa sababu kila kiangazi watu huona majani mekundu yenye vinundu na kukimbilia dukani kununua sumu. Vinundu vya nyigu-msumeno haviui mwerebi. Mti huota majani mapya na kuendelea. Fukusi wetu ndiyo kabisa hana lawama, tena anapunguza idadi ya nyigu. Mwerebi kwa kawaida umesimama kando ya maji, na sumu unayopulizia majani inaishia kwa samaki na vyura. Kama ni mche mdogo wa bustanini na vinundu vinakukera, chuma majani hayo kwa mkono mapema, kabla wakaazi hawajatoka, basi.

Fukusi wa kumwogopa ni mwingine: Cryptorhynchus lapathi. Huyu ni mkubwa, milimita 6 hadi 9, mweusi mwenye sehemu ya nyuma nyeupe au ya pinki hafifu, hivi kwamba akitulia juu ya gome anafanana na kinyesi cha ndege. Funza wake hutoboa shina na vijiti vya mierebi na mipopla. Dalili zake ni unga wa mbao unaotoka kwenye nyufa za gome, uvimbe wenye makovu, na vijiti vinavyokatika kwa upepo. Kwa wakulima wa fito za kusukia vikapu, kama wale wa Somerset, na kwa wanaopanda Salix alba 'Caerulea' wa kutengenezea magongo ya kriketi, hiyo ni hasara ya kweli. Amerika Kaskazini alionekana jimbo la New York mwaka 1882, na leo wasomaji walioko Marekani na Kanada wanaweza kumkuta sehemu nyingi. Kata shina lililoathirika chini ya mwisho wa matundu na ulichome moto kabla fukusi wazima hawajatoka. Ukilirundika tu pembeni ya shamba, watatoka hukohuko kwenye rundo.

Kwa walioko nyumbani

Afrika Mashariki ina mwerebi wake wa asili, Salix subserrata, unaoota kando ya mito. Njia ya kazi ni ileile: tawi, shuka, lensi, wembe, hesabu. Ukikuta kinundu kwenye jani lake, usikope jina la mdudu wa Ulaya. Chora umbo, pima urefu, eleza aliye ndani kwa miguu na kichwa chake, upige picha ya jani pande zote mbili.

Kuandika ulichokiona

Kumbukumbu inayofaa ina mambo haya: tarehe, mahali kwa usahihi wa kukuwezesha kurudi kwenye mti uleule, aina ya mwerebi, aina ya kinundu, idadi ya vilivyopasuliwa na vilivyokutwa na fukusi, na kama mdudu alilelewa au alipigwa kutoka tawini. Tofauti hiyo ya mwisho ni kubwa. Fukusi aliyeanguka kwenye shuka anaweza kuwa alitua tu juu ya mti huo. Aliyetoka kwenye chupa yako amethibitisha mti, kinundu na aina yake kwa pamoja. Uingereza unaweza kupeleka taarifa kupitia iRecord, na nchi nyingine kupitia iNaturalist, ambazo ni tovuti za kukusanya taarifa za viumbe walioonwa. Weka picha tatu: mdudu kwa ubavu ili pua ionekane, mdudu kutoka juu, na kinundu alimotoka.

Ukimhifadhi mmoja kama sampuli, karatasi yake iandike kwa penseli na uitumbukize ndani ya kichupa pamoja naye. Wino wa kalamu huyeyuka kwenye spiriti, na karatasi iliyobandikwa nje hubanduka.